Marehemu wa Masara

Uriri,
11 Februari 1996

Kwa dada yangu Roseline,

Pokea salamu zangu na za mke wangu Edith. Sisi huku tu wazima. Bravin aliugua surua, akapona, akamwambukiza mtoto wa jirani, ambaye naye amepona, lakini mama yake hatusalimii tena. Natumaini wewe, Lynnet, mama mkwe wako Rispa na shemeji Paul mko salama, na dagaa wa omena wanapatikana.

Bado natunza stoo ya shule, ila mwalimu mkuu ameniongezea kazi ya maji bila kuniuliza. Kisima chetu kinahitaji pampu. Wachimba dhahabu wa Masara hutumia pampu kukausha mashimo, kwa hiyo Jumatano nilitumwa huko nikatafute iliyotumika. Pampu niliiona. Ni nzima. Mwenyewe hauzi.

Sasa nina swali. Tangu tumzike shemeji Job, yaani tangu tuzike lile tunda la yago badala ya mwili wake, kwa kuwa mwili haukurudi kutoka Rwanda, sijawahi kukuuliza habari zake, kwa heshima. Leo nauliza. Alipokuwa akiwasha lori asubuhi, alikuwa na kawaida gani? Ipo ninayoikumbuka, lakini sitaki kukulisha maneno.

Nijibu mapema.

Ndugu yako,
Levis


Ngegu, Homa Bay,
9 Machi 1996

Ndugu yangu Levis,

Tumefurahi kusikia Bravin amepona. Mwambie Edith huyo jirani atamsalimia siku atakapoishiwa na chumvi. Lynnet yuko darasa la nne, na mwalimu wake anasema ana akili lakini anabishana. Mama mkwe Rispa mguu unamsumbua, ila hakubali kuketi. Paul ametengeneza paa. Mvua ya juzi ilikuwa kubwa na hakuna sufuria tuliyolazimika kuitega.

Ulichoniuliza kuhusu lori, mimi sikumbuki. Paul ndiye aliyekuwa taniboi wake, msaidizi wake kwenye lori, ndiye aliyekuwa naye siku ile, na ndiye aliyetuletea habari kwamba Job aliungua pamoja na lori. Aliyoyasema aliyasema mbele ya ukoo wote, nawe ulikuwepo.

Kuhusu pampu, nunueni mpya.

Dada yako,
Roseline


Uriri,
24 Machi 1996

Dada Roseline,

Salamu. Sisi hatujambo. Edith amepanda maharagwe. Barua yako nimeisoma, na kwa kuwa hukujibu swali langu, nadhani unalikumbuka jibu vizuri.

Nakuandikia jambo hili kwa mpangilio. Tafadhali keti chini kwanza.

Mtu anayeendesha ile pampu ya Masara wanamwita Wangwe. Yeye mwenyewe husema ni Mkuria wa Ntimaru. Kikuria chake ni kibovu, hata mimi nisiyekijua nimekitambua. Wakuria wa pale ni waungwana, wanamjibu kwa Kiswahili. Haogi mtoni na wanaume wenzake, ambao wote walipita jandoni, kwa sababu ambayo ndugu hawezi kumwandikia dada yake. Asubuhi ile niliyofika aliipiga pampu kofi mara mbili, akaiambia, "Chiew, nyathina." Amka, mwanangu. Hakuna Mkuria anayeamsha injini kwa Kijaluo.

"Shemeji," nikamwambia.

"Umenifananisha."

"Nimekufananisha na Job, mume wa dada yangu, marehemu."

Akachukua kitambaa, akafuta mikono kidole kimoja kimoja. Alipomaliza akauliza, "Edith hajambo?"

Nikarudi nyumbani nikakuandikia ile barua ya kwanza. Jana nimekwenda tena. Tuliketi juu ya magunia ya mawe. Anasema lori lao la maharagwe ya msaada lilisimamishwa na watu wenye mapanga, likachukuliwa. Yeye na Paul walijificha kwenye mafunjo, kisha wakavuka kuingia Tanzania katikati ya wakimbizi. Walipofika Ngara, Job akamwambia Paul, "Wewe nenda nyumbani. Sema niliungua na lori."

Nikamuuliza kwa nini. Akasema, "Levis, ile barabara ya Rwanda niliipita yote. Nitaketije mezani niulizwe kama chumvi inatosha?"

Baadaye aliniuliza kuhusu mazishi yake. Nilimweleza yote. Alifurahi kwamba fahali alichinjwa. Aliuliza nani walilia, nikamtajia. Alichokasirikia ni yago. "Mlizika tunda la ukubwa gani?" Nikamwonyesha kwa mikono. "Mimi ni mtu wa futi sita, Levis." Nikamwambia mwaka ule yalikuwa madogo kila mahali.

Aliuliza pia kama paa lako bado linavuja. Nikamwambia halivuji. Hakuuliza nani alilitengeneza, na mimi sikumwambia. Yaani hajui kwamba Paul, binamu yake wa ukoo na taniboi wake, ndiye aliyekurithi kwa mila na, kama ninavyoona mimi, kwa mapenzi.

Sijui nifanye nini sasa. Nangoja neno lako.

Ndugu yako,
Levis


Ngegu,
19 Mei 1996

Ndugu yangu,

Hatujambo. Mvua zimetuharibia barabara, na matoke ya Mellen, yule rafiki yangu anayeuza mjini Homa Bay, yalioza yote njiani. Mguu wa mama mkwe ni vilevile. Lynnet amekuwa wa tatu darasani na anasema amedhulumiwa.

Barua yako niliipata mwisho wa Machi. Naandika leo kwa sababu leo ndipo mkono umekubali.

Nina mimba ya miezi miwili. Kwa mila yetu mtoto huyu ataitwa wa Job, kama ilivyo kwa kila mtoto wa mjane aliyerithiwa. Marehemu akiwa hai, mtoto ni wa nani? Wewe uliyefika kidato cha nne unieleze.

Sijamwuliza Paul chochote. Namtazama akila. Anakula vizuri, anasema asante, anapeleka sahani mwenyewe. Nilidhani mtu aliyebeba uongo mkubwa hivyo angekula vibaya.

Job nilimpenda nikiwa msichana, nawe unajua nilivyokonda baada ya habari zile. Sikujua kwamba nitapenda tena. Sasa nikimwona Paul akishona nyavu pale nje napeleka chai ambayo hajaiomba. Nyumba hii imesimama kwa sababu mtu mmoja amelala chini. Akiinuka, sijui nani ataangukiwa.

Usirudi Masara. Usimwambie lolote.

Roseline


Uriri,
2 Juni 1996

Dada Roseline,

Tunakupongeza kwa habari za mtoto. Edith ameanza kufuma sweta, rangi ya kijani, kwa sababu ndiyo nyuzi tulizonazo.

Barua yako ilinikuta nimeshakwenda. Nilingoja Aprili yote, nikangoja Mei, nikaona kimya chako ni ruhusa. Nilikosea. Nilidhani mtu ana haki ya kujua hali ya nyumba yake, hata kama ameihama kwa kufa.

Nilimwambia kwamba umerithiwa. Akasema, "Ni mila. Nilitarajia. Na ndugu yangu Ogutu?" Nikamwambia ulimkataa Ogutu mbele ya wazee. Akacheka sana. "Basi nani?"

Nikamwambia.

Alizima pampu. Akaketi. Maji yakaanza kupanda shimoni, na watu waliokuwa chini wakapiga kelele, "Wewe Wangwe! Unatuzamisha? Umelogwa?" Ilinibidi niiwashe mimi. Haikutaka kuwaka mpaka nilipoipiga makofi.

Jioni alinisindikiza hadi njia panda. "Nilimtuma apeleke habari," akasema. "Sikumtuma abaki."

Anataka kuja. Nimemwomba angoje.

Ndugu yako,
Levis


Ngegu,
30 Juni 1996

Levis,

Salamu kwa Edith na Bravin. Sweta la kijani ni sawa.

Umeshafanya ulichofanya, kwa hiyo nami nimefanya changu. Nilimwuliza Paul wakati wa chakula. Alifinyanga tonge lilelile mpaka ugali ukapoa.

"Aliniapisha," akasema.

"Alikuapisha uniambie amekufa. Alikuapisha pia unioe?"

"Hapana. Hilo nililiongeza mwenyewe."

Tangu siku hiyo analala jikoni. Hajalalamika. Anaamka mapema kuliko mimi na nakuta moto umewashwa, jambo linaloniudhi zaidi.

Mama mkwe nilimwambia mwenyewe, asije akasikia sokoni. Alikuwa anachambua omena. Hakuinua kichwa. Alizichambua zikaisha, kisha akazimwaga kwenye ungo akaanza kuzichambua upya zilezile.

Wazee wameketi, Ogutu akiwa mbele yao. Wanasema mtu aliyekwisha kuzikwa hapiti langoni, hata kama yago ndilo lililozikwa. Akipita, ataleta kifo cha kweli. Anayetaka kurudi hukatiwa tundu kwenye ua, upande wa nyuma, manyasi, yaani dawa ya mitishamba, yakiwa tayari kumtakasa. Tundu hilo hukatwa kutoka ndani, na anayelikata ni mke. Akishaingia, mrithi atatoka langoni kabla ya jua kuzama na hatarudi tena. Mtoto aliye tumboni atabaki hapa.

Kwa hiyo panga litakuwa mkononi mwangu. Wazee wameridhika.

Mwambie aje. Au mwambie asije. Wewe hukupungukiwa na maneno Mei, hutapungukiwa Julai.

Roseline


Uriri,
21 Julai 1996

Dada Roseline,

Hatujambo.

Nimemwambia yote mawili kama ulivyosema. Amechagua kuja. Atafika kwenu Jumamosi ya tarehe 17 Agosti, akipitia Rongo. Nilitaka kumsindikiza, lakini mwalimu mkuu amekataa kunipa ruhusa kwa sababu wiki hiyo tunahesabu vitanda vya bweni. Nilimwambia kuna jambo la msiba katika familia. Akauliza nani amefariki. Nikarudi stoo.

Amenunua koti. Nimemshauri asivae, kuna joto huko kwenu. Anasema ataenda nalo.

Wewe utafanya nini?

Levis


Ngegu,
25 Agosti 1996

Ndugu yangu Levis,

Tu wazima. Uliniuliza nitafanya nini. Nilikuwa sijui hadi nilipofanya.

Lynnet nilimpeleka mjini kwa Mellen siku iliyotangulia. Sikutaka mtoto aone baba akiingia kupitia kwenye ua kama mbuzi mwizi. Hajui lolote hadi leo.

Alifika saa tano, amevaa koti. Wazee walikuwa wameshaketi ndani ya boma, na kijiji kizima kimejaa barabarani. Alisimama nje ya ua upande wa nyuma, ua ule wa ojuok, miti inayotoa maziwa yanayochoma macho. Tulionana vichwa tu. Amezeeka hapa kwenye paji la uso, kwingine ni yeye.

Ogutu akamwambia, "Marehemu, umenenepa."

"Na wewe bado hujaoa wa pili," Job akamjibu, watu wakacheka. Mlevi mmoja, Onyancha anayesaga unga posho mill, akapaza sauti: "Job! Nilileta jogoo kwenye mazishi yako! Sasa nimdai nani?"

Mama mkwe hakumngoja mtu. Alichukua kigoda, akatoka langoni, akazunguka ua wote na mguu wake ule hadi alipokuwa mwanawe. Akamshika masikio yote mawili, akamgeuza kichwa huku na huku, kama anavyokaguliwa mtoto kabla ya kanisa. Akaketi pembeni yake. Hakulia. Alisema, "Unanuka dizeli."

Paul alikuwa amesimama karibu na lango. Nguo zake alikuwa amezifunga ndani ya shuka, tayari. Hakunitazama hata mara moja, na nadhani alifanya hivyo kwa heshima, lakini ningependa angenitazama.

Ogutu akanipa panga, akaniita kwa jina la mwanangu. "Kata, Min Lynnet. Mila inakungoja."

Nikausogelea ua. Nikasema, "Job, nani alimtuma Paul?"

"Mimi."

"Sema wasikie."

"Mimi nilimtuma! Yeye alikataa mara ya kwanza. Nikamwapisha."

"Nikikata, utaingia ukae?"

Alifikiri. Job hajawahi kunidanganya kwa kinywa chake mwenyewe, hilo namkubalia. "Sijui, Min Lynnet," akasema.

"Basi kata mwenyewe."

Nikapitisha panga katikati ya matawi, mpini ukimwelekea. Wazee wakanung'unika kwamba haijawahi kutokea. Job akaupokea mpini.

Levis, ningependa ungekuwepo, kwa sababu mimi sijui kuandika vizuri nilichoona. Alilitazama lile panga. Ni panga la kawaida, ndilo tunalokatia kuni. Jasho likaanza kumtoka usoni likidondokea kwenye koti. Kisha panga likaanza kutetemeka likigusa matawi, mpaka ojuok yote upande ule ikawa inatikisika kama kuna ng'ombe ndani yake. Hakuna aliyecheka. Onyancha alivua kofia.

Job akainama taratibu, akalilaza panga kwenye nyasi kama anavyolazwa mtoto aliyepitiwa na usingizi. Akarudi nyuma, hatua kwa hatua, macho yakiwa kwenye panga, mpaka barabarani. Watu wakampisha.

Miaka yote miwili niliyomlilia, na miezi hii niliyomkasirikia, nilidhani alitukimbia sisi.

Nilitoka langoni. Ogutu aliniita, sikugeuka. Nilimkuta ameketi ukingoni mwa barabara, nikaketi pia, na tumbo langu hili. Nilimpa maji. Alipoweza kusema akauliza, "Paa ni kazi ya Paul?"

"Ni kazi ya Paul."

"Hata kwenye lori alikuwa fundi." Kisha akauliza, "Ulinililia?"

"Mpaka sauti ikakauka."

"Samahani kwa hilo."

Nikamwambia sina machozi mengine ya mtu yuleyule, na kwamba sikukata ua kwa sababu sitaki. Akasema alishaelewa niliposema akate mwenyewe. Hakuwa na hasira. Alinishukuru kwa fahali.

Tukiwa pale, mama mkwe, aliyekuwa amerudi ndani, akatoka langoni na kifurushi kichwani. Ogutu alikuwa nyuma yake. "Mama, unaenda wapi? Mila haisemi hivyo."

"Mila imemkataza yeye kuingia," akasema. "Mimi nani amenizika?"

Wakaondoka pamoja. Yeye ndiye aliyekuwa anaongoza njia.

Paul hakuondoka, kwa kuwa hakuna aliyeingia. Alifungua lile shuka lake, akarudisha nguo jikoni.

Roseline


Uriri,
8 Septemba 1996

Dada Roseline,

Tu salama. Vitanda vya bweni vimepungua viwili na hakuna anayejua jinsi vilivyotoka mlangoni kwa ukubwa ule.

Barua yako nimeisoma mara mbili na Edith ameisoma mara tatu.

Mama Rispa yuko Masara. Job amemjengea chumba cha mabati karibu na pampu. Siku ya kwanza alisimama ukingoni mwa shimo akaita "Job! Job wuod Rispa! Mwanangu, njoo ule!" kwa sauti iliyosikika hadi ng'ambo. Wachimbaji wakauliza Job ni nani. Mzee mmoja wa Kikuria akawaambia, "Ni Wangwe. Tulijua zamani kwamba si wetu. Tulikuwa tunangoja atuambie." Kisha akaomba naye apewe samaki.

Job analala vizuri kidogo kuliko zamani, mama yake anasema. Akipiga kelele usingizini anamwimbia.

Kuhusu wewe hakuniuliza chochote, na nadhani alijizuia. Aliuliza Lynnet yuko darasa la ngapi. Nikamwambia la nne. Akasema, "Kumbe."

Dada, mtoto ana miaka kumi. Siku moja atasikia kwa Onyancha.

Na Paul je? Edith ndiye anayeuliza.

Ndugu yako,
Levis


Ngegu,
29 Septemba 1996

Ndugu yangu Levis,

Hatujambo. Mtoto anapiga teke upande wa kushoto tu. Mkituma salamu Masara, mwambieni mama mkwe kwamba kuku wake mweupe ametotoa.

Nilimwambia Paul kwamba habari za kifo alizileta yeye, kwa hiyo na habari za uzima atazipeleka yeye. Alikubali, akachelewa wiki nzima. Jumanne alimwita Lynnet, wakaketi kwenye mtumbwi uliopinduliwa. Mimi nilikuwa ndani nikikunja nguo ambazo nilikuwa nimeshazikunja.

Alimweleza yote. Hakujitetea. Lynnet hakubishana hata neno moja, ndipo nilipoogopa. Mwishoni akauliza, "Siku ile ya mazishi, uliponibeba mgongoni, ulijua?"

"Nilijua."

"Na nilikuwa nalia."

"Ulikuwa unalia."

Akaondoka akaja ndani. Siku tatu alipita mbele ya Paul kana kwamba ni mti. Akimpelekea chakula anakiweka chini mbali kidogo, Paul anakifuata. Sikuingilia. Mimi mwenyewe nilikuwa nimefanya hivyohivyo miezi mitatu.

Ijumaa asubuhi akasimama mlangoni mwa jikoni, amevaa sare ya shule.

"Utanipeleka kwake."

Paul akasema, "Mjomba Levis yuko karibu zaidi. Anaweza kuja kukuchukua."

"Wewe."

"Kwa nini mimi, Lynnet?"

"Kwa sababu ni wewe uliyemwacha."

Alipokwenda shule, Paul alikuja akasimama uani, mvua ikiwa imeanza. Akaniuliza kama nakubali safari hiyo, na kama Job atamkata kichwa. Nikamwambia Job hawezi, nawe unajua sababu, na kwamba nakubali. Akabaki pale ananyeshewa. Nikamwambia aingie.

Watafika kwako Jumamosi, wawili tu, mimi sisafiri na tumbo hili. Lynnet atataka kulala na Edith. Paul mpeni kitanda cha kweli, hata kama ni kimoja katika vile viwili vya bweni. Mgongo wake ni mbovu. Jikoni kwangu sakafu ni ya mawe, na amelala pale hadi juzi Ijumaa.

Dada yako,
Roseline